Wafulani: mbona hawatulii mahali pamoja?

Jua likishatua kwenye nyika za Niger, kambi ya Wafulani huwasha moto wa moshi. Moshi huo ni wa ng'ombe. Wakirudi kutoka machungani huufuata, husimama kuuzunguka, na inzi wanapungua. Hatua chache kutoka hapo imelazwa kamba ndefu iliyokazwa kwa vigingi, yenye vitanzi vidogo vidogo, na kila kitanzi kina shingo ya ndama. Kamba hiyo wanaiita daangol. Upande mmoja ni wa ng'ombe na wanaume. Upande wa pili ni vitanda, mikeka na vibuyu, na huko anayeamua ni mwanamke. Saa ya kukamua ikifika, ndama mmoja anafunguliwa, anamkimbilia mama yake, ananyonya kidogo mpaka maziwa yashuke, kisha anavutwa na kufungwa kwenye mguu wa mbele wa mama huyo. Mkamuaji anachuchumaa na kibuyu chake. Ng'ombe wa aina hii asipomwona ndama wake karibu, maziwa anayabana hata umbembeleze vipi. Akimalizika huyu, kinafunguliwa kitanzi kinachofuata.

Kamba ikikunjwa, kambi imehama.

Ni kuhama huko kunakowakera wengi. Mbona hawa watu hawatulii mahali pamoja? Swali hilo anauliza mbunge wa Abuja, anauliza mkulima wa viazi vikuu wa Benue, na sisi huku tunaliuliza kuhusu Wamasai, Wabarabaig na Wasukuma walioshuka na mifugo mpaka Kilombero na Rufiji. Mara nyingi jibu linakuja limefungashwa tayari: mila, ukaidi, kukosa elimu. Mimi naona jibu liko kwenye hesabu. Mfugaji wa Kifulani anapiga hesabu ya nyasi, maji, chumvi na mbung'o, na ndani ya hesabu hiyo jirani yake mkulima alikuwamo tangu zamani. Hesabu ile ya nyasi haijaharibika sana. Iliyoharibika ni ile ya jirani.

Kwanza tujue tunamzungumzia nani, maana jina lenyewe linachanganya. "Fulani" ni jina walilopewa na Wahausa. Wafaransa waliandika Peul, wakilitoa kwa Wawolofu wa Senegal. Wenyewe hujiita Fulɓe, na mmoja wao ni Pullo. Msomaji wa Kiswahili asishangae sana: sisi tunasema mtu na watu kwa kubadili mwanzo wa neno, wao wanabadili mwisho, na herufi ya kwanza nayo inageuka. Lugha yao, Fulfulde au Pulaar kutegemea uko wapi, inatoka kwenye ukoo ule ule mkubwa wa Kiniger-Kongo ulioizaa familia ya Kibantu, na ina ngeli kama zetu. Ng'ombe, nagge, ana ngeli yake, na humo yumo pamoja na jua na moto.

Wanakadiriwa kupita milioni 25, wametapakaa kutoka Senegal hadi Sudan, na wengi wao leo hawahami. Kuna Wafulani wakulima, walimu, masheikh na wafanyabiashara. Mwaka 1804 Usman dan Fodio, mwanachuoni Mfulani, alianzisha jihadi iliyozaa dola ya Sokoto, na koo nyingi za watawala wa kaskazini mwa Nigeria ni za Kifulani hadi sasa. Rais Ahmadou Ahidjo wa Kamerun alikuwa Mfulani, na vivyo hivyo marais Shehu Shagari na Muhammadu Buhari wa Nigeria. Wahausa wana namna yao ya kuwatenganisha: Fulani wa nyumbani na Fulani wa porini. Aliyeko ikulu na aliyeko nyuma ya ng'ombe wanashirikiana jina, na pengine salamu. Basi mtu akisema "Wafulani wanataka hiki," muulize ni wapi hao.

Zile picha zinazozunguka mitandaoni za vijana wa kiume waliojipaka rangi nyekundu na njano usoni, midomo myeusi, unyoya wa mbuni kichwani, wakikodoa macho na kuonyesha meno, ni za Wodaabe, tawi moja dogo la wahamaji wa Niger na jirani zake. Ngoma hiyo ni gerewol. Wanaume wanashindana kwa urembo, waamuzi ni wasichana. Inapendeza, lakini imefanya watu wadhani Ufulani wote ni hiyo ngoma. Kinachowaunganisha Wafulani wengi zaidi ni pulaaku, yaani mwenendo unaompasa Mfulani. Una nguzo zake: munyal, ambayo ni subira na kuvumilia, semteende, haya, na hakkiilo, neno lenye asili moja na "akili" yetu. Mfulani aliyelelewa vizuri halii hadharani na halalamikii njaa. Pengine ndiyo maana mfugaji aliyepoteza kundi zima hujibu maswali ya mgeni kwa maneno mawili, na mgeni akaandika kwamba watu hawa ni wasiri.

Sasa nyasi. Hapa ndipo wengi tunapokosea. Akili ya kawaida inasema kusini kuna mvua nyingi, kwa hiyo kuna malisho mengi, kwa hiyo mtu anayepeleka ng'ombe kaskazini kwenye ukingo wa jangwa amepotea. Miaka ya 1970 watafiti wa Kiholanzi na wa Mali walikaa chini wakapima, wakakuta mambo yako kinyume. Kusini nyasi zinakua ndefu kumpita mtu, lakini zikirefuka zinageuka mabua; ng'ombe anashiba na anakonda. Kaskazini, kwenye Saheli, mvua ni kidogo na nyasi ni fupi, ila rutuba iliyomo ardhini haikugawanywa kwenye majani mengi, kwa hiyo kila tonge lina protini ya kutosha. Ng'ombe anayekula huko mwezi wa Agosti ananenepa, anatoa maziwa, anashika mimba. Watafiti hao walihesabu pia kwamba mifugo ya kuhama ya Saheli ilitoa protini kwa hekta sawa na ranchi za Marekani na Australia zenye mvua kama hiyo, au hata kuzipita. Bila uzio, bila pampu.

Ongeza na chumvi. Huko Ingall, Niger, ardhi na maji vina chumvi, na kila mwaka mvua zinapokwisha, mwezi Septemba, Wafulani na Watuareg hukutana huko na makundi yao. Ongeza na mbung'o, ambao hawaishi kwenye ukame wa kaskazini, na ambao kusini wanaleta nagana, ugonjwa unaoua ng'ombe. Na ongeza kitu kilicho rahisi kuliko vyote: mwezi wa Julai na Agosti kusini kumejaa uwele na mtama shambani. Kuwaondoa ng'ombe wakati huo ni kumwondolea mkulima balaa.

Madimbwi ya kaskazini yakikauka, makundi yanarudi. Mkulima keshavuna. Mabua yamesimama, na ng'ombe wanaingia kuyala. Usiku wanalala pale pale shambani wakiacha samadi, hatua kwa hatua, leo kona hii, kesho ile. Kwa karne nyingi huo ulikuwa ndio mkataba, na mara nyingi mkulima ndiye aliyemwita mfugaji, akampa nafaka au fedha alaze ng'ombe kwenye shamba lake kabla hajaenda kwa mwingine. Wanawake wa kambini walipita kijijini na vibuyu vya mtindi kichwani, wakirudi na uwele. Kati ya mashamba ilibaki njia pana ya mifugo, burtali kwa Kihausa, ambayo hakuna aliyeruhusiwa kuilima. Na palipokuwa na utani, mambo yalikuwa laini zaidi: Wafulani ni watani wa Wabobo huko Burkina Faso, na huko Senegal ni watani wa Waserer. Mtani wako unamtukana kwa mdomo, lakini si rahisi kumshikia panga.

Nisipake rangi ya waridi hapa. Mazao yaliliwa hata zamani, na fidia iligombaniwa. Halafu dola za Kifulani za karne ya 19 zilijengwa pia kwa kuwateka watu wa makabila mengine na kuwafanya watumwa wa kulima. Wajukuu wa watu hao bado wanajulikana kijijini, na bado wanajua nani alikuwa bwana wa nani. Anayesema wakulima na wafugaji waliishi kama ndugu hadi juzi anaruka kurasa nyingi.

Mfano unaoonyesha vizuri jinsi kuhama kulivyopangwa ni delta ya ndani ya mto Niger, nchini Mali. Mto ukifurika hutanda uwandani kote, na maji yakipungua yanaacha majani yaitwayo burgu, mazito na matamu kwa ng'ombe. Mwaka 1818 Seku Amadu alianzisha dola ya Macina, mji mkuu wake ukiwa Hamdallahi, na utawala wake ukapanga nani apite wapi, lini, nyuma ya nani. Kila eneo la burgu lina msimamizi wake, jowro, ambaye cheo chake ni cha ukoo. Hadi miaka ya karibuni, mwisho wa mwaka, tarehe ya kuvuka mto pale Diafarabé iliamuliwa kikaoni baada ya kuangalia kina cha maji. Siku hiyo ng'ombe kwa maelfu wanaingia majini, vichwa na pembe tu vinaonekana, vijana wakiogelea ubavuni mwao. Ng'ambo wanangoja wanawake waliosukwa nywele na kuvaa dhahabu, kwa sababu wachungaji hao hawajaonekana nyumbani kwa miezi. Makundi yanakaguliwa. Aliyenenepesha ng'ombe kuliko wote anapewa zawadi mbele ya watu. Aliyeleta ng'ombe waliokonda naye anapewa yake: punje ya karanga. UNESCO iliitambua sherehe hiyo mwaka 2005, na haikuhitaji kueleza maana ya ile karanga.

Ndani ya kundi moja pia haki zimesokotana. Ng'ombe mmoja anaweza kuwa wa baba, maziwa yake ya mama, na ndama wake wa kwanza wa mtu mwingine kabisa. Wodaabe wana desturi ya habbanaye: namfungia rafiki yangu mtamba, anakaa naye mpaka azae mara mbili au tatu, ndama wanabaki kwake, mama anarudi kwangu. Sifanyi hivyo kwa huruma peke yake. Mvua ikininyima mimi na kumnyeshea yeye, nina mtu wa kumwendea.

Makundi haya yamewahi kuangamia, tena zaidi ya mara moja. Sotoka ile ile iliyowafagilia Wamasai ng'ombe wao miaka ya 1890 ilipita Saheli yote na kuwaacha Wafulani wengi mikono mitupu. Walianza upya. Wakaja wakoloni na kodi ya ng'ombe, jangali kwa jina lake la Nigeria, na watu wakajifunza kuficha mifugo siku ya kuhesabiwa (desturi ambayo haijafa, nadhani si kwao tu). Ukame wa 1968 hadi 1974, na ule wa 1983 na 1984, ndio uliobadilisha mambo kwa namna nyingine, kwa sababu safari hii fedha zilikuwa mjini. Mfugaji aliyebaki na ng'ombe waliokonda aliwauza kwa bei ya kutupa, na walionunua walikuwa wafanyabiashara, maofisa na wakulima waliopata fedha za pamba. Mvua iliporudi, ng'ombe walirudi pia, lakini wengi walikuwa na mwenyewe mwingine.

Jambo hili halizungumzwi vya kutosha. Kundi kubwa unaloliona likivuka barabara huko Nigeria, na kijana mwembamba nyuma yake mwenye fimbo mabegani, huenda si la kijana huyo hata mkia. Ni la tajiri wa mjini. Kijana analipwa mshahara, au ndama baada ya muda fulani, na maziwa ya kunywa. Baba yake alipopita hapo alikuwa na mwenyeji kijijini, alimjua chifu, aliuza samadi, na mwakani angerudi, kwa hiyo alikuwa na sababu ya kulipa shamba lililoliwa. Kijana wa mshahara hana mwenyeji, hana ng'ombe wa kulipa fidia, na tajiri yuko mbali akisubiri ripoti ya simu. Mkulima anamwona Mfulani. Hamwoni tajiri.

Upande wa mkulima nao hesabu imegeuka. Nigeria ilipata uhuru mwaka 1960 ikiwa na watu kama milioni 45. Sasa wamepita milioni 200. Mabonde yenye unyevu, fadama, ambayo ng'ombe walikuwa wakiyakimbilia kiangazi, kuanzia miaka ya 1990 yaliwekewa miradi ya pampu na kulimwa vitunguu na nyanya mwaka mzima. Mbolea ya dukani ilipunguza hamu ya samadi. Mabua yaliyokuwa ya bure sasa yanakatwa, yanafungwa mizigo na kuuzwa, au mkulima anawapa kondoo wake mwenyewe. Burtali zikalimwa upande huu mstari mmoja, upande ule mstari mmoja, hadi njia ya kundi zima ikawa ya mbuzi wawili. Sheria ya Nigeria ya Kaskazini ya mwaka 1965 ilitenga hifadhi za malisho, lakini nyingi zilibaki kwenye makaratasi. Wakati huo huo dawa za nagana na kufyekwa kwa misitu viliwafungulia wafugaji njia ya kushuka kusini zaidi, kwa watu ambao hawakuwahi kuwa na mkataba nao, wala utani, wala lugha moja, wala dini moja.

Ndipo zikaja sheria zinazopingana. Tangu 1998 ECOWAS, jumuiya ya nchi za Afrika Magharibi, inaruhusu mifugo ivuke mipaka ya nchi wanachama ikiwa na cheti maalumu. Mwaka 2017 jimbo la Benue lilipiga marufuku kuchunga kwa wazi, na Januari 2018 watu 73 waliouawa katika mashambulizi huko walizikwa kwa pamoja. Mei 2021 magavana wa kusini walikutana Asaba wakatangaza marufuku kama hiyo kwa majimbo yao. Kwa hiyo, kabla Niger haijajitoa ECOWAS Januari 2025, ng'ombe alikuwa na kibali cha kutoka Niger kuingia Nigeria, na hakuwa na kibali cha kuvuka kutoka jimbo moja kwenda jingine. Mwaka 2024 serikali ya Nigeria iliunda wizara nzima ya mifugo, na mazungumzo mengi sasa ni ya ranchi. Ranchi si wazo baya. Inahitaji ardhi yenye hati, maji, mashudu na mtaji, na mwenye vitu hivyo ni yule yule tajiri. Sijasikia jibu la kuridhisha kuhusu kijana mwenye fimbo.

Mali na Burkina Faso zimeharibika zaidi. Ada za burgu zilikuwa zimepanda, mashamba ya mpunga yalikuwa yamekula malisho, na wafugaji maskini walikuwa na hasira hata na majowro wao. Amadou Koufa, mhubiri Mfulani, aliitumia hasira hiyo kuandikisha vijana kwenye kundi lake la kijihadi, na baada ya hapo kila Mfulani akawa mtuhumiwa. Machi 2019 watu kama 160, wengi wao Wafulani, waliuawa katika kijiji cha Ogossagou, Mali. Uchunguzi wa Umoja wa Mataifa ulikuta kwamba huko Moura, Machi 2022, wanajeshi wa Mali na wapiganaji wa kigeni waliokuwa nao waliua watu wasiopungua 500. Jamhuri ya Afrika ya Kati nayo iliwamwaga maelfu ya Wafulani hadi Kamerun na Chad mwaka 2013 na 2014. Wengine, Wambororo, wamekuwa wakiingia na ng'ombe wao kaskazini mashariki mwa Kongo, Uele ya Chini na Uele ya Juu, tangu miaka ya 2000 mwanzoni, na huko nako wanaulizwa swali lile lile.

Kati ya yote haya watu wanatafuta riziki. Wengi wamepunguza ng'ombe na kuongeza kondoo, kwa sababu kondoo anapona ukame upesi na dume zuri siku ya Idi ya kuchinja, Tabaski kwao, linaleta fedha nyingi Dakar au Niamey. Wengine ni walinzi wa mageti mijini, kama morani wetu wa Dar es Salaam na Unguja. Huko Mali na Burkina ipo huduma ya simu iitwayo Garbal, jina la Kifulfulde la mnada wa ng'ombe, inayochukua picha za setilaiti na kumwambia mfugaji malisho na maji viko wapi na bei ya sokoni ni kiasi gani. Nayo imekuja kusaidia kuhama, si kukomesha. Ndugu wawili wa Guinea, Ibrahima na Abdoulaye Barry, walianza kubuni alfabeti ya Kifulfulde mwaka 1989 wakiwa watoto. Inaitwa Adlam, na tangu 2016 imo kwenye Unicode, orodha ya herufi zinazotambuliwa na kompyuta na simu, kwa hiyo siku hizi inaandikika kwenye simu.

Na yako maziwa. Afrika Magharibi, pamoja na mamilioni yake ya ng'ombe, inakunywa maziwa ya unga kutoka Ulaya, mengi yakiwa yameondolewa mafuta yake na kutiwa ya mawese ili yawe rahisi. Richard-Toll, kaskazini mwa Senegal, kiwanda cha Laiterie du Berger kilianza mwaka 2006 kununua maziwa ya wafugaji wa Kifulani waliokizunguka na kuyageuza mtindi wa dukani. Mipango kama hiyo ipo Nigeria pia. Familia inayouza kila siku inalazimika kubakiza ng'ombe wachache wa maziwa karibu na barabara na kuwanunulia chakula, huku wavulana wakihama na waliobaki. Nusu ya nyumba imetulia, nusu bado iko safarini.

Kwenye kambi ya zamani, maziwa yakishavuka ile kamba ya ndama yalikuwa ya mama. Aliamua yapi ya watoto, yapi ya kugandisha, yapi ya kubeba sokoni, na fedha yake haikuulizwa. Sasa mkusanyaji wa maziwa anakuja asubuhi na madumu, anapima, anaandika lita kwenye daftari, na malipo yanakuja mwisho wa mwezi. Juu ya ukurasa lazima liandikwe jina moja, na mbele yake wamesimama mume na mke.